Masikio ya Chuma

Baba yangu alikuwa na masikio mawili kama watu wote, lakini kiwandani alikofanya kazi watu walisema kwamba alikuwa nayo matatu. La tatu lilikuwa fimbo ya chuma, urefu wake kama mkono wa mtu mzima. Ncha moja aliigandamiza juu ya mashine, na ncha ya pili aliiegemeza sikioni pake. Alisimama hivyo dakika moja au mbili, macho ameyafumba, kama mtu anayenong'onezwa siri. Kisha aliiondoa fimbo akasema, "Hii ni nzima," au, "Hii itatuacha Jumamosi." Aghalabu mashine aliyoitabiria Jumamosi haikuiona Jumapili.

Kazi yake ilikuwa kutunza mitambo katika kiwanda cha chai, kwenye miteremko ya mashariki ya milima ya Nyandarua. Aliianza mwaka 1979 akaiacha mwaka 2014, alipostaafu. Msomaji anywaye chai asubuhi bila ya kufikiri ilikotoka na anisamehe nikimweleza kwa ufupi. Jani la chai likichumwa bado ni maji matupu. Zaidi ya sehemu saba katika kumi za uzito wake ni maji. Kabla ya kukatwakatwa, kuchachuliwa na kukaushwa, sharti linyauke kwanza. Hulazwa juu ya vitanda virefu vya wavu, na chini yake feni kubwa hupuliza hewa saa kumi na mbili au zaidi, usiku kucha. Feni ikisimama, majani yaliyolala juu yake hupata joto, hugeuka mekundu, na thamani yake hupotea kabla ya kucha. Kwa hiyo usiku wa kiwanda cha chai ni usiku wa feni, na uhai wa feni uko katika beringi zake, yaani vile vikombe vya chuma vyenye gololi ndani yake ambamo mhimili huzunguka. Beringi ndizo alizozisikiliza baba.

Nilikuwa darasa la saba mwaka 1994 lilipotokea jambo ambalo sijalisahau. Baba alikwenda kumzika mjomba wake, akalala huko siku mbili. Zamu yake alipewa kijana mmoja mwenye bidii, ambaye hakuwa na kosa lolote ila ugeni wa kazi. Usiku wa pili beringi ya feni moja ilianza kuguna. Kijana yule aliisikia, lakini kwake ilikuwa kelele moja katika kelele nyingi. Ilipofika saa tisa ya usiku beringi ilikwama, mota ikaungua, na moshi wake ukajaza ghala. Asubuhi kitanda kizima cha majani kilitupwa. Majani yale yalikuwa ya wakulima wadogo wa vijiji vitatu, na kapu moja lilikuwa la mama yangu, ambalo mimi na dada yangu tulimsaidia kulijaza siku iliyotangulia, mvua ikitunyeshea migongoni.

Mama hakulia. Alisema tu, "Kilo zetu zilikuwa mle." Kijana yule alifukuzwa kazi siku ile ile. Baba aliporudi akaambiwa, aliketi kitako nje ya nyumba mpaka giza likaingia. Nilipompelekea chai alisema, "Mwanangu, amefukuzwa kwa kosa la kukosa sikio langu. Nami sikio langu nilikwenda nalo matangani." Kisha akauliza, kana kwamba mimi ningejua, "Yuko wapi sasa?"

Swali lile lilikaa moyoni mwangu miaka mingi. Je, yafaa elimu iokoayo riziki ya vijiji vitatu ikae katika kichwa cha mtu mmoja, ambaye aweza kuugua, kuzeeka au kwenda kuzika? Nilipokua nilisomea ufundi wa mitambo, na mwaka wa pili wa masomo yangu ndipo nilipokutana na neno kihisi.

Kihisi ni chombo kinachoonja jambo fulani la ulimwengu, kama vile joto, unyevu, uzito au mtetemo, na kuligeuza kuwa umeme unaoweza kupimwa. Hakikuzuka jana. Mwaka 1821 Thomas Seebeck aligundua kwamba metali mbili tofauti zikiunganishwa ncha zake, na ncha moja ikapashwa moto, kunatokea nguvu ya umeme. Mpaka leo joto la matanuri mengi hupimwa kwa njia hiyo. Mwaka 1880 ndugu wawili wa Ufaransa, Jacques Curie na Pierre Curie, walionyesha kwamba fuwele za namna fulani zikibanwa hutoa umeme. Mwaka 1883 Warren Johnson, mwalimu wa Marekani, alipata hataza ya kifaa cha umeme cha kuangalia joto la chumba. Fuwele zile za akina Curie ndizo zilizopewa kazi aliyoifanya baba: ukizigandisha juu ya mashine inayotetemeka, hubanwa na kuachiliwa maelfu ya mara kwa sekunde, na umeme wake hueleza beringi inavyoendelea.

Lakini kihisi cha zamani kilikuwa kama mtu ajuaye jambo akalifunga kinywani. Kilionyesha mshale wake juu ya saa ukutani, na asiyepita pale hakupata habari. Mabadiliko yalikuja vyombo vilipofundishwa kupelekeana habari. Mapema katika miaka ya 1980 wanafunzi wa chuo kikuu cha Carnegie Mellon, huko Marekani, waliunganisha mashine ya soda na kompyuta zao ili wajue kama ina chupa na kama chupa zimepoa, kabla ya kujisumbua kuteremka ngazi. Ulikuwa uvivu wa vijana, lakini uvivu wenye akili ni mama wa uvumbuzi mwingi. Mwaka 1999 Kevin Ashton, Mwingereza, aliupa mtindo huo jina la Intaneti ya Vitu.

Hata hivyo jina peke yake halishushi bei. Kilichoshusha bei kilitoka mahali ambapo wenye viwanda hawakupatazamia. Katika miaka ya 1990 watengenezaji wa magari walihitaji kihisi kidogo cha kutambua kishindo cha ajali ili mfuko wa hewa ufumuke mbele ya dereva. Baadaye simu za mkononi zilihitaji kihisi cha jamii hiyo hiyo, ili picha igeuke simu inapogeuzwa. Vikatengenezwa kwa mamia ya milioni, na kila kitu kinachotengenezwa kwa wingi namna hiyo hupungua gharama. Ghafla kile kilichokuwa cha mitambo ya mafuta na ndege kikaweza kununuliwa na kiwanda cha kijijini, hata na kisima.

Nimesema kisima, na si mzaha. Mwaka 2013, huko Kyuso katika Kitui, watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford walijaribu jambo lililonigusa sana. Ndani ya mikono ya pampu za visima walitia vihisi vidogo vilivyohesabu mkono unavyopanda na kushuka, na kupeleka hesabu hiyo kwa ujumbe wa simu. Pampu ikinyamaza, fundi hujua kwamba imevunjika au watu wameiacha. Kabla ya hapo pampu iliyovunjika ilikaa siku kama 27 kabla ya kutengenezwa. Wakati wa jaribio siku hizo zilipungua zikawa chini ya tatu. Mtu ambaye hajawahi kumwona mama akirudi na mtungi mtupu baada ya kutembea asubuhi nzima hawezi kujua tofauti ya siku 27 na siku tatu.

Hata taa za nyumbani zimeingia katika udugu huo. Tangu mwaka 2012 kampuni ya M-KOPA imeuza Kenya mitambo midogo ya umeme wa jua yenye kadi ya simu ndani yake. Mwenye nyumba hulipa kidogo kidogo kwa M-Pesa, na mtambo, ukipata habari ya malipo, huendelea kuwaka. Malipo yakikoma, hujifunga. Katika hayo pana baraka na pana ukali, maana chombo kilekile kinachomwezesha maskini kupata taa ndicho kinachomzimia.

Soko la vyombo hivi, basi, limekua. Lakini ukuaji wake haukuwa kama ulivyotabiriwa, na hapa kijana anayesoma apaswa kufungua macho. Mwaka 2010 mkuu wa kampuni ya Ericsson alisema kwamba ifikapo mwaka 2020 vyombo vilivyounganishwa duniani vingekuwa bilioni 50. Mwaka 2020 ulifika, na wachunguzi wa soko walipohesabu, hata kwa kujumlisha simu na kompyuta, idadi haikufika nusu ya hiyo. Mwaka 2017 kampuni ya Cisco, ambayo yenyewe huuza vifaa vya kuunganisha, ilitangaza matokeo ya uchunguzi wake: katika kila miradi 100 ya namna hii, miradi 60 ilikwama katika hatua ya majaribio, na ni kampuni 26 tu katika 100 zilizosema kwamba zimepata mradi uliofanikiwa kabisa. Na bado vyombo vinaongezeka kila mwaka. Mwisho wa mwaka 2023 vilihesabiwa kuwa zaidi ya bilioni 16, bila ya simu na kompyuta. Mambo haya mawili ni kweli kwa pamoja. Mto unakwenda, lakini si kwa kasi ya ngoma ya anayeuza mitumbwi.

Sikuyajua hayo kwa kuyasoma tu, yalinijia mwenyewe. Mwezi wa Machi 2019, nikiwa fundi mkuu katika kiwanda kile kile alichotumikia baba, alikuja mtu kutoka mjini kutuuzia vihisi vya mtetemo. Alikuwa mwungwana, mwenye maneno laini na picha za rangi. Alisema kwamba mashine zetu zitajisemea zenyewe, nami nitazisikia hata nikiwa kitandani kwangu. Bei ya vihisi vyenyewe haikutisha. Kilichotisha ni ada ya kila mwaka ya kupokea na kuzichambua habari zake, ambayo ilikaribia mshahara wa watu wawili. Wakubwa wa kiwanda hawakukawia kuona ulinganifu huo, kwa sababu watu wawili walikuwapo: wale waliozunguka usiku na mchana wakigusa na kusikiliza mitambo. Mmoja alikuwa mzee aliyefundishwa na baba, akibakiza miaka mitatu kustaafu. Wa pili alikuwa kijana aliyemaliza kidato cha nne, ambaye mimi mwenyewe nilikuwa nikimfundisha. Niliambiwa nifanye jaribio la miezi mitatu, kisha niandike ripoti. Hawakusema zaidi, wala haikuhitajika.

Mwezi ule ule, tarehe 10 Machi, ndege ya Ethiopian Airlines iliyokuwa ikija Nairobi ilianguka muda mfupi baada ya kuruka Addis Ababa. Watu 157 walikufa, na 32 kati yao walikuwa Wakenya. Chini ya miezi mitano kabla yake, tarehe 29 Oktoba 2018, ndege ya aina hiyo hiyo, Boeing 737 MAX, ilianguka Indonesia na kuua watu 189. Wachunguzi walieleza kwamba katika ajali zote mbili kihisi kimoja kinachopima pembe ya ndege dhidi ya upepo kilitoa habari ya uongo, na programu iliyokiamini kihisi hicho kimoja ikaisukuma pua ya ndege chini tena na tena, huku marubani wakishindana nayo. Ndege ilikuwa na vihisi viwili vya namna hiyo, lakini programu ile iliuliza kimoja tu. Habari hizo nilizisoma usiku, vihisi vya jaribio vikiwa mezani pangu ndani ya maboksi yao, na usingizi ukaniruka.

Tulivibandika vihisi kumi na viwili. Wiki ya kwanza vilinidhihaki. Usiku mmoja simu yangu ililia mara tisa, na kila nilipokwenda mbio kiwandani nilikuta feni zikizunguka bila ya wasiwasi. Viwango vya hatari vilikuwa vimewekwa kwa mujibu wa kitabu cha nchi nyingine na mashine nyingine. Wiki ya pili nilianza kuizima sauti ya simu, na hapo nilishituka, kwa kuwa mlinzi ambaye kelele zake zimepuuzwa ni sawa na mlinzi aliyelala.

Nikaenda kwa baba. Alikuwa shambani akipalilia viazi. Nilimweleza yote, naye akanyamaza kidogo, akaniuliza, "Vyombo vyako vimezoeana na feni zile?"

Nikajibu, "Baba, chombo hakizoei. Hupima tu."

Akasema, "Basi kinahitaji mtu aliyezoea akitie adabu." Akaenda ndani kuchukua fimbo yake.

Siku tatu tulizunguka pamoja, yeye na fimbo, mimi na kompyuta, na yule kijana akiandika katika daftari. Baba alisema, "Hii ya nne hupiga kelele ikianza na baridi, usiihukumu kabla ya nusu saa. Hii ya tisa sakafu yake ina ufa, itatetemeka daima wala haina ugonjwa." Kila alilosema nililigeuza kuwa namba, nikabadili viwango. Mwisho wa mwezi simu haikulia ovyo. Nilitambua kwamba kiwanda hakikununua sikio jipya. Kilikuwa kimepata njia ya kuliandika lile la zamani.

Kisha ikaja feni ya saba. Mstari wake katika kioo cha kompyuta ulianza kupanda polepole, siku baada ya siku, kama maji yanayopanda mtungini. Nilimwita baba. Aliiweka fimbo, akafumba macho, akakaa zaidi ya kawaida yake. "Nzima," alisema. Jumapili, kiwanda kilipopumzika, tuliifungua. Katika njia ya gololi palikuwa na kishimo kidogo kama punje ya uwimbi. Kwa siku ishirini hivi nyingine ingalizunguka salama, na baada ya hapo ungalikuja tena usiku wa mwaka 1994. Baba aliishika beringi ile mkononi, akaigeuza mara nyingi juani. "Imenishinda kuisikia," alisema. Sauti yake haikuwa na hasira. Lakini aliporudi nyumbani aliisahau fimbo yake kwangu, na kabla ya siku ile hakupata kuisahau mahali popote.

Kama hadithi ingekoma hapo, yule mwungwana wa mjini angaliweza kuichapisha katika picha zake za rangi. Haikukoma. Wiki ya kumi, yule mzee mlinzi wa mitambo alinijia akasema, "Fundi, feni ya kikaushio ina joto lisilo lake." Nilitazama kioo: mstari ulikuwa tulivu, tulivu kuliko siku zote. Nikamwambia kwamba kihisi chasema ni salama. Alinitazama kwa heshima, wala hakuondoka. Tukaenda. Beringi ilikuwa ya moto hata mkono haukuweza kutulia juu yake. Na kihisi chetu? Gundi yake ilikuwa imeyeyuka kwa joto la kikaushio, nacho kilikuwa kimelala sakafuni, kikitupelekea kila dakika habari za amani ya sakafu.

Niliwakumbuka wale watu 157. Kihisi kikibebwa mahali pasipo pake hakijui kwamba kimebebwa. Hakina haya ya kusema uongo, kwa sababu hakijui kwamba ni uongo. Ni mtu peke yake awezaye kutazama utulivu uliozidi akasema, huu si utulivu wa kawaida.

Niliandika ripoti yangu kwa usiku mitatu. Nilishauri vihisi vinunuliwe, kwani nisingeweza kusema vinginevyo bila ya kuyasaliti makapu ya vijiji vitatu. Lakini niliweka masharti manne. La kwanza, wale watu wawili wabaki, wafundishwe kuvitunza vihisi na kuvihakikisha kila wiki. La pili, mtambo wowote uwezao kuleta moto au kifo usitegemee kihisi kimoja. La tatu, habari zinazokusanywa ziwe mali ya kiwanda, na nakala yake ikae kwetu. La nne, maneno ya siri yaliyotoka na vyombo kiwandani kwao yabadilishwe kabla ya kuvitumia. Sharti hili la mwisho wengine walilicheka, hata nilipowakumbusha tarehe 21 Oktoba 2016, ambapo kamera na vyombo vingine vya nyumbani, maelfu kwa maelfu, ambavyo wenyewe hawakuyabadili maneno yao ya siri, vilitekwa na wahuni na kugeuzwa jeshi la kuziba njia za intaneti, hata tovuti kubwa za Marekani zikawa hazifikiki kwa saa nyingi.

Sharti la tatu lilithibitishwa na wakati. Mwezi wa Januari 2022 kampuni ya Ufaransa iitwayo Sigfox, iliyojenga mtandao wa vihisi katika nchi nyingi, iliwekwa chini ya usimamizi wa mahakama kwa sababu ya madeni, kisha ikanunuliwa na wengine. Mwezi wa Agosti 2023 Google, kampuni isiyokosa fedha, iliifunga huduma yake ya kuunganisha vyombo hivi, baada ya kuwapa wateja mwaka mmoja wa kutafuta makao mengine. Na Sheria ya Ulinzi wa Data, iliyopitishwa Kenya mwaka 2019, hulinda habari za mtu. Habari za feni hazimo katika ulinzi huo, na asiyeziandika katika mkataba wake asimlaumu mwingine. Anayepanga nyumba bila ya kuuliza mlango utakavyofunguka mwenye nyumba akihama, atalala nje.

Masharti matatu yalikubaliwa. La kwanza lilikubaliwa nusu. Yule mzee alibaki, akawa mtunzaji wa vihisi, akazunguka na kopo la gundi na daftari mpaka alipostaafu mwaka 2022. Kijana hakuongezewa mkataba. Niliitwa, nikaelezwa kwamba fedha hazitoshi, nikapewa karatasi ya kutia sahihi kama fundi mkuu. Nilibisha kwa maneno. Baada ya maneno kwisha, nilitia sahihi.

Kijana yule sasa anaendesha bodaboda sokoni. Hunisalimu kwa adabu, "Shikamoo, fundi," na adabu yake huniuma kuliko matusi. Tangu vihisi vilipowekwa hatujapoteza kitanda hata kimoja cha majani kwa sababu ya feni. Makapu ya kina mama yako salama. Hayo nayaweka katika kitanga kimoja cha mizani. Katika kile kingine namweka mtu mmoja, aliyeandika kwa mkono wake katika daftari maarifa yote ya baba tuliyoyatia katika kompyuta, kisha akaambiwa kwamba hahitajiki tena. Mara nyingi nimejaribu kuisoma mizani hiyo, na mshale wake haujatulia.

Baba bado yu hai, ingawa masikio yake yamepungua nguvu. Nilipomweleza habari za kijana, aliketi kama alivyoketi mwaka 1994. Kisha akauliza swali lile lile, "Yuko wapi sasa?" Safari hii jibu nilikuwa nalo, na kulisema kulikuwa kuzito zaidi kuliko kutolijua.

Wewe unayesoma haya darasani, huenda nje ya dirisha lako mna mlingoti mweupe wenye vyombo vya kupima mvua, upepo na jua. Shule kadhaa za Kenya zimepewa vituo vya namna hiyo na mradi uitwao TAHMO, ambao shabaha yake ni kuweka vituo 20,000 katika Afrika. Walimu na wanafunzi huvilinda na hupata habari zake kwa masomo yao. Kama kipo, kiendee ukitazame. Jifunze kinahisije, habari zake zinakwenda wapi, na nani hufaidika nazo. Siku moja utaitwa mezani, utapewa karatasi, na mtu mwenye maneno laini ataketi mbele yako. Ukijua kazi ya chombo utaweza kuuliza bei yake. Ukimjua mtu atakayeondolewa na chombo utaweza kuuliza bei ya pili, isiyoandikwa popote. Uulize mapema kuliko nilivyouliza mimi, kabla ya fedha kugawanywa, maana baada ya hapo hubaki sahihi tu.

Fimbo ya baba hakuja kuichukua tena. Imesimama karibu na kioo cha kompyuta, na kila Ijumaa mimi naye yule aliyeshika nafasi ya mzee huibeba, tukazunguka feni moja baada ya nyingine. Vijana wapya hutucheka kidogo. Ijumaa iliyopita nilimpa mmoja wao, nikamwonyesha mahali pa kuigandamiza na mahali pa kuiegemeza. Alifumba macho. Baada ya kitambo alisema, "Nasikia kitu, fundi, lakini sijui ni nini."

Nikamwambia, "Vema. Kaa hapo mpaka ujue."